Je, Wajua? Mabomu yaliyokusudiwa Mwanza yaliua swala

Mwaka 1979, wakati wa Vita vya Kagera kati ya Tanzania na Uganda, ndege ya Libya, nchi iliyomsaidia Idi Amin wa Uganda, ilirusha mabomu ikiilenga Mwanza. Ilikosa shabaha. Mabomu yaliangukia Kisiwa cha Saanane kilicho jirani na kuua wanyama, wakiwemo swala.

• Jemadari aliyeongoza Divisheni ya 20 ya Tanzania, iliyoiteka Kampala 11 Aprili 1979, ni mtoto wa Butiama: David Musuguri. Alifariki mwaka 2024 akiwa na umri wa miaka 104.

• Wapiganaji wengi walikwenda kwa miguu. Kutoka mpakani Mutukula hadi Kampala ni zaidi ya kilomita 200. Mvua iliwanyeshea njiani, bunduki na mizigo mgongoni.

• Si askari wa kambini peke yao waliopigana. Maelfu walikuwa mgambo: wakulima na vijana walioacha majembe wakashika silaha. Malori na mabasi ya raia nayo yalichukuliwa kubeba vikosi.

• Ushindi ulikuwa na gharama nyumbani pia. Mwalimu Nyerere aliwaomba wananchi wafunge mkanda kwa miezi 18. Sukari na sabuni zikawa za kupangiwa foleni. Mashujaa wetu walikuwa vitani, na wengine walikuwa kwenye foleni hizo.