GB iko juu, GB iko chini: karatasi ya laboratware inasema nini?

Mu Kolwezi, Likasi na Lubumbashi tunaona jambo moja kila siku. Mutu anatoka ku laboratware na karatasi mu mukono. Anasoma: GB 14 500. Mbele ya kurudi kwa muganga, anapita ku farmasi: "Niko na mikrobe mu damu, munipe antibiotiki." Makuta inatoka, dawa inamezwa, na pengine ugonjwa wenyewe haujaguswa.

GB ni globule nyeupe, askari wa mwili. Zinazaliwa ndani ya mifupa, mu uboho. Kwa mutu mukubwa, laboratware nyingi zinahesabu kuwa ni sawa kati ya 4 000 na 10 000 mu milimita kubu moja ya damu. Lakini kuhesabu walinzi ku mulango wa mine hakukuambii mwizi ni nani. Hesabu ya GB nayo ni vile: inaonyesha kama mwili uko mu vita, haitaji jina la adui.

Kama iko juu

Mara nyingi ni bakteria: nimonia, jipu, kidonda kilichooza, apendisite. Lakini GB inapanda pia kwa mama mwenye mimba, kwa mutu anayevuta sigara sana, kwa aliyeungua ao kuvunjika mufupa, hata nyuma ya kazi nzito. Vidonge vya dexamethasone, vile wengine wanameza kusudi wanenepe, navyo vinaipandisha. Kwa mutoto muchanga, hesabu kubwa ni kawaida.

Kwa hiyo tuulize pia FL, ni kusema formula inayogawa GB kwa aina zake. Neutrofili zikiwa nyingi, muganga anafikiri kwanza bakteria. Limfosite zikipanda, mara nyingi ni virusi. Eozinofili zikipita kipimo, anatafuta minyoo, alerji ao bilharzioze. Ndugu zetu wanaosafisha mawe mu mito, miguu ndani ya maji tangu asubuhi, hiyo inawahusu: waombe kupima mavi na mukojo.

GB ikifika 50 000 ao 100 000, na mutu anakonda, anatoka damu ku meno, tumbo limevimba upande wa kushoto, asikae nyumbani. Inaweza kuwa kansere ya damu. Aende ku lopitali kubwa.

Kama iko chini

Virusi vingi vinashusha GB, VIH pia. Tifoide inaweza kuishusha. Malaria nayo mara nyingi inaacha GB ya kawaida ao ya chini. Inajulikana kwa GE ao kwa testi ya haraka, si kwa GB.

Lakini tusiogope mbio. Vipimo vingi vilivyoandikwa ku karatasi vilitoka ku damu ya watu wa Ulaya. Sisi Waafrika wengi tunazaliwa na neutrofili chache kidogo, na tuko wazima. Mutu mwenye 3 500 asiye na homa anaweza kuwa hana ugonjwa wowote.

Dawa zingine, kama Novalgine na kloramfenikoli, mara chache zinaangusha globule nyeupe kabisa. Mutu akizimeza, kisha akapata homa kali na vidonda mu koo, aache dawa na akimbie ku lopitali siku ile ile. Esanse nayo iko na benzini inayoharibu uboho pole pole. Wale wanaosafisha vyuma ao mikono na esanse kila siku, wabadilishe desturi hiyo.

Kama ni ya kawaida

Hapa ndipo hatari kwa watu wa mine. Vumbi la mawe linaumiza mapafu na kufungulia TB mulango. Na mugonjwa wa TB anaweza kuwa na GB 7 000, sawa mutu muzima. Anafurahi, anarudi ku kazi, anakohoa mu nyumba pamoja na watoto. Ukikohoa zaidi ya wiki mbili, ukitoka jasho usiku, ukikonda, usitosheke na GB: omba makohozi yapimwe. Dawa za TB zinatolewa bure.

Mama na baba, tuchunge karatasi zote za laboratware mu nyumba, hata za zamani, kusudi muganga alinganishe. Tumwambie kazi tunayofanya, dawa tulizomeza mbele ya kufika, na siku homa ilianza. Kama hesabu inashangaza na mugonjwa hana hali mbaya, tukubali kurudilia kipimo nyuma ya siku chache. Lakini mwenye homa kali, anayehema kwa shida ao aliyepoteza akili, asingojee karatasi: tumupeleke mara moja.