Ngome mbili zilizokalia maji ya Ugogo

Mtu akitaja ngome ya wakoloni, fikra za wengi huenda pwani. Mombasa kuna Fort Jesus, ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593. Ng'ambo ya bahari, kusini mwa India, Denmark ilijenga ngome yake Tranquebar mwaka 1620, na Wafaransa wakajiimarisha Pondicherry kuanzia 1674 mpaka Waingereza walipoubomoa mji huo mwaka 1761. Mizinga ilielekezwa baharini, na ndani ya kuta yakahifadhiwa majora ya vitambaa. Lakini Wajerumani walijenga ngome Mpwapwa na Kilimatinde, mamia ya kilomita kutoka kwenye mawimbi. Walikuwa wakilinda bandari gani?

Tazama maji yalipo, utapata jibu. Msafara uliotoka Bagamoyo ulipofika Mpwapwa ulikuta vijito vya mlimani vinavyotiririka hata kiangazi. Wapagazi walipumzika, wakanunua nafaka, wakajaza vibuyu, kwa kuwa mbele yao palikuwa na Marenga Mkali, pori kavu ambalo hata maji yake machache yana chumvi. Ukishalivuka hilo umeingia Ugogo. Upande wa pili, magharibi, njia hupanda ukingo wa Bonde la Ufa hadi Kilimatinde, na nyuma yake linaanza Mgunda Mkali, pori jingine la siku kadhaa kabla ya kuifikia Tabora. Kwa hiyo ngome moja ilikaa kwenye mlango wa kuingilia na nyingine kwenye mlango wa kutokea. Sidhani kama ilikuwa bahati.

Kabla ya Wajerumani, milango hiyo ilikuwa na wenyewe. Watemi wa Kigogo walitoza hongo: doti za merekani, kaniki iliyotoka India, shanga, waya wa shaba. Wasafiri wa Kizungu, Burton aliyepita 1857 na Stanley aliyepita 1871, walilalamika sana, na wasomaji wa Ulaya wakaamini kwamba Mgogo ni mnyang'anyi wa njiani. Malalamiko hayo yanafaa kupimwa upya. Kisima cha Ugogo wakati wa kiangazi huchimbwa kwa mkono katika mchanga wa korongo. Maji hujikusanya taratibu, mtu huteremka na kuchota kwa kata, huku wenye mifugo wakisubiri zamu juu. Sasa aje mgeni na wapagazi mia tano wenye kiu: kisima hicho kitakauka asubuhi hiyohiyo, na ng'ombe wa mwenyeji watalala bila kunywa. Hongo ilikuwa ushuru wa maji na wa njia, na mtemi aliyeidai alifanya lilelile linalofanywa na forodha ya bandari yoyote.

Tena wenyeji walikuwa na maboma yao. Tembe la Kigogo ni la mstatili, nguzo na fito zilizokandikwa udongo, paa bapa lililofunikwa udongo pia, ng'ombe wakilala uani katikati. Mtu mrefu huinama kuingia. Halishiki moto kwa urahisi kama nyumba ya nyasi, na mvamizi wa Kimasai au wa Kihehe hakuweza kuifikia mifugo bila kupita vyumbani mwa watu.

Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki ilifungua kituo Mpwapwa mwaka 1887. Katikati ya 1889 Abushiri bin Salim, aliyekuwa akipigana nayo pwani, alikishambulia. Mjerumani mmoja akauawa, mwenzake akatoroka. Oktoba mwaka huohuo Hermann von Wissmann, kamishna wa serikali ya Ujerumani, akafika na askari wake, wengi wao Wasudani walioandikishwa Misri, akaanza kujenga ngome ya kudumu. Tarehe 10 Novemba Stanley naye akatokea kutoka bara pamoja na Emin Pasha, gavana aliyekuwa amekwenda kumwokoa, akaikuta bendera ya Ujerumani. Carl Peters, mwanzilishi wa kampuni hiyo, aliyepita Ugogo mwaka 1890, alikataa kulipa hongo, akachoma vijiji na kupora ng'ombe, kisha akajisifia kitabuni.

Hongo ilikoma. Kutoza hakukukoma. Mwaka 1898 serikali ya Kijerumani ilianzisha kodi ya nyumba, na sasa ushuru ukapanda kutoka kwenye tembe kwenda kwenye ngome, badala ya kushuka kutoka kwa msafiri kwenda kwa mwenye kisima. Hapo ndipo ninapouona ukoloni wa Ugogo kwa uwazi kuliko katika mapigano yoyote: aliyekuwa mtoza amegeuzwa mlipaji, palepale penye maji yake.

Ngome hizo hazikuangushwa na mizinga. Zilipitwa na reli. Ujenzi wa Reli ya Kati ulianzia Dar es Salaam mwaka 1905 na kufika Dodoma 1910. Njia ilipita Gulwe, ikaiacha Mpwapwa milimani, kisha ikapita Manyoni, ikaiacha Kilimatinde kando. Mzigo uliobebwa begani ukaingia behewani, na msafara uliolazimika kulala penye kijito ukatoweka. Katika Vita Kuu ya Kwanza, jeshi la upande wa Waingereza chini ya Jenerali Van Deventer lilipoingia Dodoma mwishoni mwa Julai 1916, kilichogombewa kilikuwa reli. Majeshi ya pande zote mbili yalichukua nafaka, ng'ombe na wapagazi, na ukame ulipofuata ikaja Mtunya, njaa iliyoua maelfu ya Wagogo kati ya 1917 na 1920.

Mpwapwa iliponea kwenye mifugo na shule: hadi leo kuna kituo cha utafiti kilichozalisha ng'ombe waitwao kwa jina la mji huo, na chuo cha ualimu. Kilimatinde, iliyowahi kuwa makao ya utawala wa eneo kubwa la nchi, sasa ni sehemu ya Wilaya ya Manyoni, na wengi wanaijua kwa hospitali ya Kanisa la Anglikana.