Kilemba cha Kalasinga si pambo

MWANAMUME mwenye kilemba na ndevu ndefu anapopita Kinondoni au Temeke, wengi humwita Singasinga au Kalasinga. Wapo wanaomdhania kuwa ni Mwislamu, na wengine humhesabu kuwa Mhindu. Ukweli ni kwamba yeye ni muumini wa Usikh, dini iliyoanzishwa na Guru Nanak huko Punjab mwishoni mwa karne ya 15.

Mwaka 1699, Guru Gobind Singh aliwaagiza wafuasi waliokula kiapo wasikate nywele. Kilemba huzihifadhi nywele hizo. Wanaume walipewa jina moja, Singh, yaani simba, ili majina ya matabaka yasiwatenganishe.

Makalasinga wengi waliingia Afrika Mashariki kuanzia mwaka 1896, ilipoanza kujengwa reli ya Uganda kutoka Mombasa, wakiwa mafundi na askari. Mmoja wa Makalasinga wa Kenya, Joginder Singh, alishinda mbio za magari za Safari mwaka 1965, 1974 na 1976.

Hata hivyo, chuki dhidi ya kilemba imekwishaua. Septemba 15, 2001, siku nne baada ya mashambulizi ya kigaidi nchini Marekani, Balbir Singh Sodhi alipigwa risasi kwenye kituo chake cha mafuta huko Mesa, Arizona. Muuaji alimdhania kuwa Mwarabu. Hata angekuwa Mwarabu, damu yake ingekuwa imemwagika bila hatia.

Nchini Tanzania, Ibara ya 19 ya Katiba ya mwaka 1977 inalinda uhuru wa kuabudu. Ulinzi huo unamhusu pia mwenye kilemba.