Deni ni Deni, Wizi ni Wizi

Mkopeshaji akikosa fedha yake siku ya ahadi, mara nyingi mguu wake wa kwanza huelekea kituo cha polisi. Akifika hudai kwamba ameibiwa, na mdeni hutiwa ndani mpaka jamaa zake wachange. Jambo hili si haki, na askari si wakusanya madeni. Lakini twasema pia, wala hatupunguzi sauti, kwamba wapo wezi wanaojificha nyuma ya neno "deni", na hao ndio wawaumizao wakulima zaidi.

Tuchukue mfano hapa Choma, Wilaya ya Igunga. Mchuuzi anunua magunia 40 ya mpunga kwa mkulima, na aahidi kulipa baada ya mwezi. Bei yaanguka, ashindwa kulipa. Mpunga ule ulikwisha kuwa mali yake, na juu yake limebaki deni, ambalo hudaiwa kwa Sheria ya Mikataba iliyotungwa mwaka 1961. Sasa mkulima yuleyule ampe jirani magunia hayo ayapeleke Tabora, amwuzie na kumletea fedha. Jirani auza, kisha ajinunulia ng'ombe. Huyu si mdeni. Kanuni ya Adhabu yasema kwamba fedha uliyoipokea kwa ajili ya mwenzako, au uliyopewa kwa agizo maalumu, ni mali yake mwenyewe mpaka agizo litimizwe. Isipokuwa kama mlipatana tangu mwanzo kwamba baina yenu ni hesabu ya mdai na mdeni tu.

Wala haimfai kitu kusema, "Nilikusudia kurudisha." Kifungu cha 258 chahesabu kuwa ni nia ya wizi kutumia fedha ya mtu upendavyo, hata kama ulikusudia kuilipa baadaye. Makatibu na watunza hazina wa vyama vya ushirika na wakisome mara mbili! Fedha ya mazao ya wanachama iliyomo mikononi mwao hawakukopeshwa.

Yupo na wa tatu: yule aliyechukua mpunga kwa mkopo akijua siku ileile kwamba hatalipa, au aliyejiita mtu asiyekuwa yeye. Hapo karatasi ya mkataba haimwokoi, kwa kuwa hila ilitangulia mkataba. Bali kushindwa baadaye peke yake si ushahidi kwamba hila ilikuwako.

Njia hii ya misafara imekwisha kuona shauri kubwa la ahadi iliyovunjika. Tarehe 24 Februari 1887, huko Unguja, Hamed bin Muhammed, ndiye Tippu Tip, alipatana na Stanley kumpa wapagazi 600. Baruti ilikuwa juu ya Stanley, na Tippu Tip alishika neno hilo kuwa ndilo lililomzuia. Watu kama 400 tu walipatikana, nao mwezi wa Juni 1888. Na kikosi kilichowangoja Yambuya kilikwisha teketea kwa njaa na maradhi. Stanley alimlaumu kwa maneno makali. Hata hivyo alipokwenda katika mahakama ya ubalozi wa Uingereza huko Unguja, mwishoni mwa mwaka 1889, alikwenda kudai fidia ya pauni 10,000 kwa mkataba uliovunjwa, na fedha za Tippu Tip zilizokuwa kwa wakili wake zikazuiwa. Tippu Tip alishuka kutoka Kongo kwa kupitia Tabora, akafika Unguja mwaka 1891, na dai likaachwa. Watu walikufa, lakini shauri lilibaki la madai.

Tofauti hii si mchezo wa mawakili. Katika jinai mashtaka sharti yathibitishwe pasipo shaka ya maana. Katika madai yatosha upande mmoja uwe na uzito zaidi. Mapatano ya Kimataifa ya Haki za Kiraia na Kisiasa ya mwaka 1966, ambayo Tanzania ilijiunga nayo mwaka 1976, yakataza kumfunga mtu kwa sababu tu hawezi kutimiza mkataba. Mahakama yetu yaweza kumweka mdeni katika kifungo cha madai, kisichozidi miezi sita, lakini baada ya hukumu na baada ya kumpa nafasi ya kujieleza. Na mdai atakaye mdeni wake akamatwe kwa njia hiyo, sharti kwanza aweke mahakamani fedha ya kumlisha.