Njaa Inapohamia Akilini

Novemba 1944, Vita vya Pili vya Dunia vikikaribia ukingoni, vijana 36 wa Kimarekani waliingia kwa hiari yao katika vyumba vilivyokuwa chini ya uwanja wa michezo wa Chuo Kikuu cha Minnesota, wakijua kwamba huko watashindishwa njaa. Wote walikuwa wamekataa kushika silaha kwa sababu za imani. Badala ya kwenda vitani, walikubali miili yao itumike kutafuta jibu la swali moja zito: vita vikiisha, mamilioni ya watu waliodhoofu kwa njaa watalishwaje hadi warudi katika hali yao? Aliyeongoza utafiti alikuwa mtaalamu wa fiziolojia, Ancel Keys. Miezi mitatu ya mwanzo walikula wakashiba. Kisha, kwa wiki 24, wakapewa milo miwili kwa siku, viazi, mkate na makaroni, jumla ya kalori 1,570 hivi, huku wakitakiwa kutembea kilomita 35 kila wiki.

Uzito wao ulishuka kwa karibu robo. Mapigo ya moyo yalipungua, na katikati ya kiangazi walilalamika baridi. Hayo yalitarajiwa. Yaliyowashtua watafiti ni yale yaliyotokea vichwani mwa vijana hawa, waliokuwa wamechaguliwa miongoni mwa wengi kwa sababu ya utimamu wa akili zao. Mazungumzo yao yote yaligeuka kuwa ya chakula. Watu ambao hawakuwahi kupika walianza kununua vitabu vya mapishi na kuvisoma usiku. Sahani moja ya viazi iliweza kuliwa kwa saa mbili, tonge dogo baada ya tonge dogo, ikikatwakatwa na kuchanganywa na maji. Walikunywa chai na kahawa bila kiasi. Wachangamfu walijitenga, wapole wakawa wakali, wengine wakazama katika huzuni kubwa, na mmoja alijikata vidole kwa shoka. Waliporuhusiwa kula tena, baadhi yao walikula kupita kiasi na bado wakasema wana njaa. Hali hiyo iliendelea kwa miezi.

Hakuna hata mmoja wao aliyekuja Minnesota akiwa mgonjwa. Lakini mzazi aliyewahi kuishi na kijana mwenye anoreksia, yaani ugonjwa wa kujinyima chakula, akisoma matokeo ya utafiti huo yaliyochapishwa mwaka 1950, atadhani Keys alikuwa amekaa jikoni kwake. Ataona binti anayewapikia ndugu zake keki na asiionje. Ataona chapati inayochanwa vipande ishirini, na sweta inayovaliwa mchana wa jua kali. Tabia nyingi ambazo familia huzichukulia kuwa ni kiburi, madeko au hata mashetani, ni kazi ya njaa ndani ya ubongo. Mwili ukikosa chakula kwa muda mrefu, akili nayo huugua, na akili iliyougua humzuia mtu kula. Kijana hunasa katika mzunguko huo, na mara nyingi hawezi kujinasua peke yake.

Maradhi ya ulaji yana sura zaidi ya moja. Mwenye anoreksia hujinyima chakula hadi mwili unakwisha, huku mara nyingi akiogopa kunenepa kuliko anavyoogopa kufa. Mwenye bulimia hula chakula kingi kwa mkupuo mmoja, kwa siri na kwa aibu, kisha hujitapisha, humeza dawa za kuharisha au hufunga ili kufidia. Ugonjwa huu ulielezwa rasmi mwaka 1979 na Gerald Russell wa London. Wapo pia wanaokula kwa mikupuo bila kujitapisha. Mwenye bulimia anaweza kuwa na mwili wa kawaida kabisa, na hapo ndipo watu wengi hudanganyika. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba mwaka 2019 watu milioni 14 walikuwa na maradhi ya ulaji, wakiwemo watoto na vijana wapatao milioni 3. Anoreksia ni miongoni mwa magonjwa ya akili yanayoua zaidi. Uchambuzi mmoja wa tafiti nyingi, uliotolewa mwaka 2011, ulionyesha kwamba hatari ya kufa kwa wenye ugonjwa huo ni zaidi ya mara tano ya wenzao wa rika moja, na kwamba mmoja kati ya kila watano waliokufa alijiua.

Madaktari wamekuwa na anoreksia mbele yao kwa muda mrefu. Mwaka 1689 daktari wa Kiingereza, Richard Morton, aliandika habari za wagonjwa wawili waliokonda bila homa wala kifua kikuu. Mmoja alikuwa msichana wa miaka 18, wa pili mvulana wa miaka 16. Inafaa wanaodhani haya ni mambo ya wasichana tu walikumbuke hilo la mvulana. Miaka ya 1870 William Gull wa London na Charles Lasègue wa Paris waliueleza ugonjwa kwa kina, na Gull ndiye aliyeupa jina linalotumika hadi leo. Aliona vema kwamba mgonjwa anapaswa kulishwa kwa ratiba. Ila alitoa pia hukumu iliyozitesa familia kwa miaka mia moja: kwamba jamaa wa mgonjwa ndio wauguzi wabaya kuliko wote. Baada yake, vijana walitengwa na wazazi wao, na mama hasa akabebeshwa lawama kwamba yeye ndiye aliyemfanya mwanawe akatae chakula.

Hukumu hiyo ilianza kuporomoka katika Hospitali ya Maudsley, London. Wauguzi wa pale walikuwa wakikaa mezani na wagonjwa, mlo baada ya mlo, kwa upole usiolegea, na uzito ulipanda. Kijana akirudi nyumbani, ulishuka tena. Kundi la Russell, Christopher Dare na Ivan Eisler likajiuliza swali ambalo leo linaonekana jepesi: kama muuguzi mgeni anaweza kumfanya kijana ale, kwa nini mama na baba wasifundishwe kufanya hivyo hivyo? Mwaka 1987 walichapisha matokeo ya wagonjwa 80. Kwa walioanza kuugua kabla ya kutimiza miaka 19, na ambao ugonjwa haukuwa umepita miaka mitatu, tiba ya pamoja na familia ilishinda tiba ya mgonjwa peke yake.

Tiba hiyo huchukua takriban miezi sita hadi mwaka. Kwanza wazazi hushika usukani wa chakula. Wao huamua nini kinaliwa, kiasi gani na saa ngapi, na mmoja wao hukaa na mtoto hadi sahani iishe. Mtaalamu huwaambia mapema kwamba hawakumletea mtoto ugonjwa, na kwamba atawahitaji ili apone. Katika moja ya vikao vya mwanzo familia hubeba chakula na kula mbele ya mtaalamu, ili aone mahali inapokwama. Ndugu wa mgonjwa hawapewi kazi ya upolisi. Kazi yao ni kuwa ndugu tu: kucheza naye karata, kutazama naye filamu, kumsindikiza baada ya chakula wakati hofu inapopanda. Uzito ukirudi, kijana hurudishiwa uhuru kidogo kidogo, leo vitafunio vya shuleni, wiki ijayo chakula cha mchana. Mambo ya ujana, mapenzi, masomo na ugomvi na wazazi, husubiri hadi mwisho, kwa sababu ubongo wenye njaa hauwezi kuyajadili.

Utafiti uliofanyika Marekani na kuchapishwa mwaka 2010 ulilinganisha njia hii na tiba ya mtu mmoja mmoja kwa vijana 121. Mwaka mmoja baada ya tiba kwisha, karibu nusu ya waliotibiwa pamoja na familia walikuwa wamepona kabisa, dhidi ya chini kidogo ya robo kwa kundi la pili. Nusu si wote, na kwa baadhi safari huwa ndefu. Hata hivyo, kwa ugonjwa ambao hadi sasa hauna kidonge chake, hiyo ni hatua kubwa. Kwa bulimia, dawa aina ya fluoksetini husaidia baadhi ya wagonjwa, na pia tiba ya mazungumzo iliyoendelezwa na Christopher Fairburn wa Oxford, ambayo humrudisha mtu kwenye milo ya kawaida kwa saa maalumu, ili njaa ya mchana isizae mkupuo wa usiku.

Je, haya ni maradhi ya Wazungu? Visiwani Fiji mwili mnono ulikuwa sifa, mgeni alihimizwa ale na aongeze, na kukosa hamu ya kula kulihesabiwa kuwa ugonjwa wa kuuhangaisha ukoo mzima. Mwaka 1995 televisheni iliingia katika mkoa wa Nadroga. Anne Becker wa Chuo Kikuu cha Harvard aliwahoji wasichana wa sekondari wiki chache baada ya hapo, kisha akarudi mwaka 1998 kuwahoji wengine wa rika hilohilo. Waliokuwa na dalili za wazi za ulaji wenye kasoro walikuwa wameongezeka kutoka asilimia 12.7 hadi 29.2. Mwaka 1995 hakuna aliyesema kwamba anajitapisha ili apungue, na mwaka 1998 walikuwa asilimia 11.3. Leo msichana wa Tandika au Likoni haingoji televisheni ije mtaani, kwani ana simu mkononi kutwa nzima.

Lakini picha za miili myembamba haziwezi kubeba lawama zote. Tafiti za mapacha zinaonyesha kwamba urithi una sehemu kubwa, na mwaka 2019 wanasayansi waliolinganisha wagonjwa wa anoreksia karibu 17,000 na watu wasiougua zaidi ya 55,000 walipata sehemu nane za jenomu zinazohusika. Urithi huo unahusiana pia na namna mwili unavyotumia nishati. Nako kaskazini mashariki mwa Ghana, utafiti wa mwaka 2004 miongoni mwa wasichana 668 wa sekondari uliwakuta kumi waliokonda kwa kujinyima tu. Hawakuogopa unene. Walizungumzia dini na kujitawala. Mwaka huohuo, daktari wa magonjwa ya akili Frank Njenga na mwenzake waliandika kuhusu anoreksia nchini Kenya katika jarida la kitabibu la Afrika Mashariki.

Hilo la Ghana lingefaa kufikishwa kwa kila mwalimu, sheikhe na mchungaji wa kwetu. Binti anayemaliza Ramadhani akaunganisha na sita za Shawwal, kisha Jumatatu na Alhamisi za mwaka mzima, au anayefululiza maombi ya kufunga huku nguo zikimpwaya, husifiwa kwa uchamungu. Huenda ni uchamungu kweli. Huenda pia ugonjwa umejificha nyuma ya ibada, na mgonjwa ana ruhusa ya kutofunga.

Kuna pia jambo jingine la kwetu. Ukimwi ulipoanza kuua katika wilaya ya Rakai, Uganda, miaka ya 1980, watu waliuita Slim, kwa jinsi ulivyowakausha wagonjwa. Tangu hapo kukonda kulibeba fedheha yake. Kijana akipungua, jirani hunong'ona ukimwi, shangazi husema ni minyoo, mwenyewe husema vidonda vya tumbo. Wanapima malaria, wanapima taifodi, na hakuna anayeuliza: "Unaogopa kula?"

Dalili zinaonekana na anayekaa karibu. Kijana hukimbilia chooni kila baada ya chakula. Huacha ghafla mafuta, kisha nyama, kisha ugali. Huvaa nguo pana, hufanya mazoezi hata akiwa mgonjwa, na kila siku amekula "kwa rafiki". Hedhi hukatika. Vinyweleo laini huota mikononi, mashavu huvimba karibu na masikio kwa kutapika, meno huliwa na asidi, na vifundo vya vidole huota sugu. Mtoto aliye katika umri wa kukua, akibaki na uzito uleule mwaka mzima, anapungua. Shule za bweni ni mahali pa hatari zaidi, kwa kuwa katika foleni ya makande ya wanafunzi mia nne, ni nani atajua kwamba mmoja amempa mwenzake sahani yake?

Namna ya kuzungumza na kijana huyo nayo ina uzito. "Umenawiri!" ni sifa njema kwa mtu mzima wa pwani, lakini kijana anayeanza kupona husikia "umenenepa" na kesho yake haamki kula. Majina ya kimbaumbau na bonge yaachwe kabisa nyumbani na darasani. Kumwambia kwamba wenzake wanalala njaa humwongezea aibu tu, na aibu tayari anayo ya kutosha. Mama aliyefundishwa huketi kando yake na kusema: "Mwanangu, najua unaogopa. Hii ndiyo dawa yako kwa sasa. Nipo hapa mpaka umalize." Halafu anabaki pale, hata kama wali umepoa na saa imepita.

Aliyekaa siku nyingi bila kula vya maana asijaziwe sahani ghafla kwa huruma. Chakula kingi cha haraka hushusha fosfati katika damu, na moyo unaweza kushindwa. Mtu wa namna hiyo aanzie hospitalini. Anayezimia, anayeumwa kifua, anayetapika kila siku au anayezungumzia kujiua, apelekwe leo. Daktari akisema ataacha akikua, mzazi asiinuke kitini kabla ya kuomba hivi: mapigo ya moyo yapimwe, presha ipimwe akiwa amelala na akiwa amesimama, damu ikaguliwe potasiamu na fosfati, na umeme wa moyo upimwe. Kisha aombe rufaa ya kitengo cha afya ya akili, na aende pamoja na mtoto wake.