Alishinda Rufaa, Akabaki Kifungoni

Mwaka 1954 Ramogi Achieng Oneko alishinda rufaa, lakini hakurudi kwao. Mwana huyu wa Uyoma, iliyokuwa zamani katika wilaya ya Bondo, alikuwa mmoja wa wale sita walioshtakiwa Kapenguria kwa kuongoza Mau Mau, ambao Jaji Ransley Thacker aliwafunga miaka saba na kazi ngumu mnamo Aprili 1953. Mahakama Kuu ilipomwondolea hatia, serikali ya kikoloni ilimzuia kwa amri nyingine, akapelekwa kisiwani Manda, karibu na Lamu.

Je, alikuwa mfungwa wa vita? Ukitazama ndege zilizodondosha mabomu msituni na kambi zilizozungushiwa seng'enge, utasema ndiyo. Kisheria, la. Uingereza haikukubali kwamba Kenya kuna vita. Iliviita Hali ya Hatari, na jina hilo liliiondolea mzigo mkubwa wa sheria za vita. Mkataba wa Tatu wa Geneva wa 1949 unajali hata vitu vidogo. Mfungwa wa vita hapaswi kumaliza wiki moja kambini kabla ya kuruhusiwa kuiandikia familia yake kadi. Akihojiwa, anadaiwa jina, cheo, tarehe ya kuzaliwa na namba yake ya jeshi, basi. Mapigano yakikoma, arudishwe kwao bila kucheleweshwa. Mzuiliwa wa Kenya aliulizwa alikula kiapo cha Mau Mau wapi na nani, na asipokiri, aliendelea kukaa. Hali ya Hatari iliondolewa Januari 1960. Oneko aliachiliwa 1961.

Uhuru haukuifuta tabia hiyo ya kuwaweka watu kizuizini. Baada ya ghasia za Kisumu za Oktoba 1969, Oneko alizuiliwa tena, safari hii na serikali aliyowahi kuwa waziri wake, hadi 1975. Mwanasiasa Raila Odinga, ambaye naye kwao kulikuwa Bondo, alikuwa kizuizini mama yake alipofariki mwaka 1984. Askari jela walikaa miezi miwili ndipo wakamwambia.

Ndiyo maana nayathamini sana masimulizi ya waliozuiliwa: pale ambapo hakuna kadi ya Geneva, mdomo wa mtu ndio daftari. Mwandishi Gakaara wa Wanjau, aliyezuiliwa pamoja na Oneko kule Manda, aliandika shajara na kuichapisha kwa Kikuyu. Mwaka 1984 ikamletea Tuzo ya Noma. Daftari la serikali nalo? Machi 1959 wazuiliwa 11 walipigwa hadi kufa kambini Hola, na taarifa ya kwanza ya serikali ikasema walikufa baada ya kunywa maji. Uchunguzi ndio uliofichua majeraha. Kisha mwaka 2011, kesi ya wazee wa Kenya walioishtaki Uingereza kwa mateso ya kizuizini ikiendelea London, yakajitokeza mafaili ya kikoloni yaliyokuwa yamefichwa Hanslope Park, yakiunga mkono mengi waliyokuwa wakiyasema kwa miongo. Juni 2013 Uingereza ilieleza majuto na kukubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa walalamikaji 5,228.

Kwa hiyo ukiketi na mzee aliyepitia kizuizini, usimkimbize kwenye mateso. Muulize kwanza majina ya kambi, alihamishwa lini, alisafirishwa kwa lori au meli, nani alikuwa akilala pembeni yake. Hayo ndiyo yanayoweza kulinganishwa na faili.