Kutosha, Kuficha, Kufuta: Namna ya Kuondoa Kazi Uliyoshirikisha kwenye Scratch

Mtu aliyesoma Kiswahili sanifu akisikia "kutosha" anafikiria kitu kilichotimia kiasi. Mtu wa Lubumbashi akisikia neno hilohilo anafikiria kitu kinachotolewa mahali kilipokuwa: unatosha makuta mfukoni, unatosha foto. Naanza na kitenzi hiki kwa sababu ndicho mjomba wangu alichotumia aliponiambia: "Ile kintu ya nkambo, uitoshe leo." Kesho yake nilimjibu: "Nilisha kuitosha, mjomba." Baada ya majuma mawili binamu yangu alinionyesha simu yake, na sauti ya nkambo ilikuwa bado inasema.

Ile kintu ni mchezo mdogo nilioutengeneza kwa Scratch, jukwaa la kujifunzia kuandika programu lililobuniwa na kikundi cha Mitchel Resnick kule MIT, Marekani, na kufunguliwa kwa watu wote mwaka 2007. Lilikusudiwa hasa watoto wa miaka 8 hadi 16, lakini mwanafunzi wa isimu asiyejua programu hata moja anaanzia hapohapo na watoto: badala ya kuandika amri, unapachika vipande vya rangi kimoja chini ya kingine, na paka anatembea. Lugha za kuchagua ni nyingi, Kiswahili kimo. Katika mchezo wangu mtoto anagusa picha, anasikia jina la kitu kwa Kisanga. Akigusa tena anasikia wingi wake. Ngeli za majina zinaingia masikioni kabla ya mwalimu kuzitaja. Sauti ni ya nkambo, mama yake mama. Mwishoni niliongeza hadithi fupi aliyotusimulia jioni moja, na humo ndani, kwa kupitiwa tu, alimtaja kwa jina mtoto wake aliyefariki. Mimi nimezoea kulisikia jina lile nyumbani, sikulishika. Mjomba alilishika mara moja.

Nilidhani kuondoa ni tendo moja. Kumbe ni matatu, na la tatu halina kitufe.

La kwanza ni kuacha kushirikisha. Unaingia kwenye akaunti yako, unabofya alama ya folda iliyo juu kulia, karibu na jina lako. Hapo kazi zako zote zimepangwa, na kando ya kila kazi iliyo wazi kwa watu kuna neno la kuacha kuishirikisha. Ukilibofya, wageni hawawezi tena kuufungua ukurasa wake. Hakuna kilichopotea: vipande, picha na sauti viko palepale, na unaweza kuendelea kuvifanyia kazi. Kwa haki hili lingeitwa kuficha. Ndilo nililolifanya siku ile, nikajisifu kwamba nimetosha.

La pili ni kufuta. Kazi ikiwa bado wazi kwa watu, neno la kufuta hulioni katika orodha. Sherti kwanza uiache kuishirikisha, ndipo litokee. Ukifuta, kazi inaenda kwenye jalala la akaunti, na kutoka huko unaweza kuirudisha. Ukitaka iishe kabisa unamwaga jalala lenyewe, na hapo jukwaa linakuomba nenosiri. Usifanye hivyo kwa hasira. Pakua kwanza nakala ya kazi kwenye kompyuta yako, maana baada ya kumwaga hakuna kurudi nyuma.

La tatu ni lile alilolitaka mjomba: sauti isiwepo tena popote. Hilo halimo mikononi mwako. Siku zote kazi ilipokuwa wazi, mtu yeyote aliweza kuangalia ndani yake, kuipakua nzima kwenye mashine yake, kuichukua sauti moja peke yake, au kutengeneza rimiksi, yaani kuinakili katika akaunti yake, kuibadilisha na kuitoa kama kazi mpya inayotaja asili yake. Rimiksi ni ya mwingine. Ukificha ya kwako, ya kwake inabaki. Mtoto mmoja alikuwa amechukua mchezo wangu, akabadilisha rangi za mandhari, akaacha sauti zote. Wa pili alifanya vivyo hivyo na kuongeza muziki.

Jina la kitufe kwa Kiingereza limejengwa kwa kiambishi cha kutendua, kile kinachobeba maana ya kurudisha hali ilivyokuwa. Sisi tunacho pia, ila chetu kinakaa mwishoni mwa mzizi: funga, fungua, panga, pangua, kunja, kunjua, ziba, zibua. Mlango uliofungwa ukifunguliwa, mambo yamerudi mwanzo. Lakini jaribu kuipeleka kauli hiyo kwenye vitenzi vya kutoa na kusema. Kutoka "gawa" hupati *gawua, kutoka "sema" hupati *semua, kutoka "simulia" hupati kitu. (Nyota ni ile ya wanaisimu, wala msiitafute kwenye kamusi.) Sitaki kudai kwamba sarufi ya Kibantu iliona intaneti kabla haijaja. Nasema tu kwamba jina la kitufe lilinifanya niamini kuwa kushirikisha ni kama kufunga mlango, wakati ni kama kusimulia.

Leseni nayo inasema hivyo kwa lugha ya wanasheria. Kila unachoshirikisha kwenye Scratch kinatoka chini ya Creative Commons, ile aina inayodai mambo mawili: anayeitumia kazi amtaje mwenyewe, na kazi mpya aitoe kwa masharti yaleyale. Mwenye kazi ana haki ya kuacha kuigawa wakati wowote, lakini kuacha huko hakuwanyang'anyi ruhusa wale waliokwisha kuipata. Kwa hiyo watoto wale wawili hawakukosea lolote. Aliyekosea ni mimi, niliyetoa ruhusa juu ya sauti isiyo yangu. Nkambo alikubali nimrekodi "ya masomo". Kwake masomo ni chumba, chenye mwalimu na watu wanaohesabika.

Kilichobaki ni kuomba. Niliwaandikia wote wawili maoni chini ya rimiksi zao, maneno machache: sauti ya mwisho ni ya mzee wa familia yangu, tafadhali iondoe, mchezo ubaki nao. Sikutaja jina wala sababu, kwa kuwa maoni yale yanasomwa na kila mtu, na ningekuwa nalitangaza upya jambo lilelile ninalotaka lifichike. Wa kwanza aliitoa baada ya siku tatu, akaweka mlio wa kengele. Wa pili hakujibu. Hapo nilitumia kitufe cha kuripoti kilichoko kwenye ukurasa wa kila kazi, nikaeleza kwamba ndani kuna habari binafsi za familia. Kanuni za jukwaa zinakataza kuweka habari binafsi, kwa hiyo ripoti ina mahali pa kusimama.

Mtakaotengeneza michezo ya lugha za kwenu, jueni kwamba kazi mpya haizaliwi ikiwa wazi. Inabaki yako mpaka ubofye mwenyewe kushirikisha. Tena kuna Scratch ya kupakua, inayofanya kazi kwenye kompyuta bila intaneti, nayo inalinda mega zenu pamoja na siri za wazee wenu: faili inakaa kwenye mashine, na mkitaka kumwonyesha mtoto wa jirani mnamwita aje. Nami nikimrekodi mzee siku hizi simuulizi kama anakubali nirekodi. Namuuliza nani asikie: watu wa nyumba hii, wa darasa letu, ao mtu yeyote wa inchi yoyote, hata nikishakufa? Mzee mmoja alicheka, akaniambia nizime kwanza simu afikirie.

Hadithi ya nkambo nimeirekodi upya, bila jina lile. Iko kwenye kompyuta tu. Jumapili mjomba atakuja kuisikiliza.